Kwa Nini Watu wa Kasanzu Husema Kayange

Nyie mnaobishana hapo nyuma, hebu nyamazeni kwanza. Tangu asubuhi mwalimu huyu mgeni anazunguka na daftari lake akiuliza kayange ni nini, na kila anayeulizwa anamjibu lake. Wanawake wa mekoni wamemwambia kayange ni ile chembe ya chumvi anayowekewa mgeni ulimini. Fundi wa majembe amekataa katakata, akasema kayange hailiwi, hutamkwa mbele ya watu, tena kwa shida. Akaenda kwa mama mkwe mmoja, jina lake nalihifadhi, akajibiwa, "Kayange ni mke wa mwanangu, basi." Mwalimu wa watu ameshika kichwa. Anadhani tunamchezea.

Hatumchezei. Wote hao wamesema kweli. Wapo pia wanaodai neno hili lilishuka na watu wa milimani, na wengine eti ni mlio wa maji yanapoanza kuchemka, ka-ya-nge, ka-ya-nge. Hao waacheni na ndoto zao. Maji gani yanachemka hivyo? Neno hili lilikuwa mtu. Lilikuwa mwanamke mwenye miguu yake miwili, anayekula, anayegombana na kuku, anayeitwa na watu akaitika. Kaeni vizuri, mwalimu naye apewe kigoda, mpate kusikia alivyogeuka kuwa neno.

Zamani hizo chemchemi yetu ilikuwa hii hii, na kazi yetu ilikuwa hii hii. Kiangazi kikiingia na mto ukirudi ndani ya kingo zake, watu walishuka bondeni, wakateka maji ya chumvi, wakayachemsha kwenye nyungu kubwa zilizopangwa mistari mirefu chini ya vibanda. Lakini jambo moja lilikuwa tofauti na leo. Kasanzu nzima ilikuwa na ulimi mmoja tu. Mtu mmoja ndiye aliyeonja, akaitwa mwonjaji, na wengine wote walifunga midomo.

Anayejua kazi hii anaelewa kwa nini. Maji ya chumvi yakichemka, chumvi nzuri hutangulia kutuama chini ya nyungu, na juu yake hubaki maji machungu, mazito kidogo, yanayoteleza vidoleni. Ukiepua mapema, umepoteza kuni bure. Ukichelewa, ule uchungu hushuka ukaingia ndani ya chumvi, na mlaji wa chumvi hiyo tumbo litamwendesha hadi aite jina la mama yake. Kwa macho huwezi kuzitofautisha, zote ni nyeupe. Kwa hiyo mwonjaji alipita nyungu hadi nyungu, akachovya kidole, akalamba, na alipoita "Epua!" watu waliruka.

Tena hakuna aliyethubutu kuonja baada yake. Chumvi mpya haikugusa ulimi wa mtu mwingine wa Kasanzu mpaka vikanda vyake, ile mifuko ya kusukwa, viwe vimekwisha kushonwa midomo. Kuonja nyuma ya mwonjaji kulikuwa sawa na kumwita mwizi mbele ya wakwe zake. Naye mwonjaji akikosea, sheria haikuwa na huruma. Mkuu wa chemchemi alichukua kibuyu cha maji, akamwaga kwenye meko ya mwonjaji huyo, kisha kwenye meko ya watoto wake. Meko yaliyozimwa namna hiyo hayakuwashwa tena. Ukoo mzima ulitoka bondeni mikono mitupu.

Basi mwonjaji wa wakati huo alikuwa Kayange. Mjane, mrefu, mwembamba, mwenye sauti ya kuamsha mtaa. Alikuwa na mwana mmoja, na mwana huyo alikuwa na mke aliyeitwa Butoyi na watoto wadogo wawili. Kayange alikuwa ameonja kwa viangazi ishirini na sita, na katika viangazi vyote hivyo hakuna kikanda hata kimoja kilichorudishwa. Watu wa mbali waliulizana, "Chumvi hii ni ya Kasanzu?" wakijibiwa ndiyo, hawakufungua kuangalia. Walibeba tu. Sifa hiyo ilikuwa ya ulimi wake, naye alijua, na wala hakujifanya hajui.

Siku moja alialikwa kula kwa jirani. Samaki alikuwa amepikwa na msichana aliyeposwa karibuni, na kwa kiwewe chake alikuwa ametia chumvi mara tatu. Watu walikula wakikunja nyuso, mtungi wa maji ukawa unazunguka haupumziki. Kayange akala, akalamba vidole, akasema, "Samaki huyu amepikwa na mtu mwenye mkono." Lo! Walicheka mpaka wakaegemeana. Walidhani anamtania binti wa watu. Kayange naye akacheka, lakini yeye hakuwa ametania. Alirudi nyumbani haraka, akachukua bonge la chumvi, akaliweka ulimini, akalifumbia mdomo na kungoja. Hakuna. Ilikuwa sawa na kulamba jiwe la kusagia.

Ulimi ulikuwa umekufa. Viangazi ishirini na sita vya kulamba maji ya moto, tena ya chumvi, viliuua kidogo kidogo bila yeye kushtuka. Aliketi kitandani akitazama meko ya Butoyi yakifuka uani, na wajukuu wakipepea moto kwa ungo. Akaona akilini kibuyu cha maji. Akajiambia hatasema.

Na hapa ndipo msije mkamdharau, kwa sababu alichofanya baada ya hapo hata leo hakuna anayekiweza chote. Mwanamke yule alijifundisha kazi upya. Alijua kusikia nyungu: povu likiwa jepesi hutoa sauti ya mvua ya rasharasha, na likianza kuwa zito sauti hushuka, ikawa ya mtu anayenong'ona. Alijua rangi ya mvuke. Alisugua tone moja kati ya dole gumba na kidole cha shahada, akajua kwa utelezi wake limebakiza muda gani. Kidole bado alikipeleka mdomoni kila mara ili watu waone, lakini kilikwenda kutembea tu. Kiangazi kizima kikapita, chumvi ikatoka safi. Cha pili kikaingia. Hata ulimi wake ulipokuwa mzima hakuwahi kuijua chumvi kwa undani wa namna hiyo. Nani mwingine angeweza? Niambieni!

Mwaka huo wa pili nzige walikuwa wamepita. Walikula mtama shambani, wakala hadi majani ya paa, na njaa iliyofuata ikawafanya watu wale hata mbegu walizoficha ghalani. Kasanzu ikabaki na chumvi na njaa. Ndipo watu wa milimani, ambako nzige hawakufika, wakatuma ujumbe kuwa watashuka na mbegu za mtama, wabadilishane kwa chumvi, kikanda kwa kikanda. Mkuu wa chemchemi, mzee Mpozi, ambaye alikuwa kaka wa marehemu mume wa Kayange, alikubali kwa niaba ya wote. Vikanda sitini vya chumvi kwa vikanda sitini vya mbegu. Mbegu zikija, watu watapanda. Zisipokuja, mvua zitawakuta wamekaa, na baada ya hapo kila nyumba itachimba makaburi. Hakuna aliyehitaji kuelezwa hilo.

Sasa mwaka ule mto ulikuwa umefurika vibaya ukaifunika chemchemi, na uliporudi uliacha tope jekundu. Maji ya chumvi yaliyotoka baada ya hapo hayakuwa yale. Yalikuwa na kitu cha mtoni ndani yake. Yalichemka kwa mlio mwingine, povu lake likawa zito mapema halafu likawa jepesi tena, na Kayange, aliyekuwa akitegemea masikio, akawa anaita "Epua!" huku roho yake haijatulia. Kila jioni alijipa moyo kuwa ni wasiwasi tu. Chumvi ilikuwa nyeupe, imekauka vizuri, imejaa vikanda. Vikanda vikafika sitini, ikapangwa siku ya kuvishona. Watu wa milimani walikuwa wanatazamiwa siku ya nne baada ya hapo, na mwana wa Kayange alikuwa amekwenda kuwalaki njiani.

Siku mbili kabla ya kushona alifika Holo. Huyu alikuwa mfinyanzi kutoka nchi za tambarare, mwanamke mnene mwenye vicheko na maneno, aliyezoea kuja kila kiangazi na nyungu mpya, na kila alipokuja alilala kwa Kayange. Alipotandikiwa mkeka na kuletewa mboga aliyoipika Kayange kwa mkono wake mwenyewe, alitia tonge la kwanza akalitoa palepale.

"We dada, una nini na mimi? Unataka kuniua ubaki na nyungu zangu?"

Butoyi, aliyekuwa pembeni akimlisha mtoto, aliinuka bila kuulizwa, akachukua lile bakuli, akaleta jingine. Alifanya haraka mno, haraka ya mtu aliyekwisha kuzoea. Kayange akamtazama. Butoyi akatazama chini, kama mkwe anavyotazama chini mbele ya mama mkwe wake.

Asubuhi ya siku ya kushona Kayange alitangulia bondeni. Mmoja wa wachukuzi alikuwa ameangusha kikanda jana yake, na konzi mbili za chumvi zilikuwa zimemwagika mlangoni pa kibanda. Akatokea mbuzi. Mnawajua mbuzi wetu. Mbuzi wa Kasanzu huvunja uzio kwa ajili ya chumvi, hulamba ukuta, hulamba hata jasho mgongoni mwa mtu aliyelala. Mbuzi huyo alikuja mbio, akainamisha kichwa, akalamba mara moja. Akasimama. Akapiga chafya, akageuka, akaenda zake kula majani makavu.

Kayange akakaa chini pale pale, juu ya majivu. Mbuzi wa Kasanzu ameacha chumvi! Hakuhitaji ulimi tena kujua. Vikanda sitini vilikuwa na uchungu, na watoto wa milimani wakila watalala wakiharisha, na baba zao hawatarudi tena bondeni, wala mbegu hazitapatikana.

"Mama." Butoyi alikuwa amesimama nyuma yake na kuni kichwani. Naye alikuwa amemwona mbuzi. Aliutua mzigo wake polepole, akapiga magoti. "Mama, nisamehe kwa ninalotaka kusema. Mimi najua tangu kiangazi cha mwaka jana. Kila mboga unayotia chumvi huwa naimwaga, napika nyingine."

"Umejua mwaka mzima, ukanyamaza?"

"Ningesemaje, mama? Nikwambie ulimi wako umekufa? Mimi?"

Butoyi alisogea karibu, akashusha sauti, na kwa mara ya kwanza tangu aolewe akamshika mama mkwe wake mkono. Alisema kuwa yeye ndiye aliyechochea moto wa mstari wote ule. Atasimama mbele ya watu aseme alisinzia, moto ukazidi, na mama aliita epua kwa wakati lakini yeye hakuepua. Sheria ya kibuyu ilimhusu mwonjaji tu. Mchochea moto aliyekosea alichapwa fimbo na kurudishwa kwao, basi. "Meko yatabaki, mama. Watoto watabaki na meko. Nami kwetu si mbali."

Hebu fikirini. Mlango umefunguliwa mbele yake, na anayeufungua anafanya hivyo kwa hiari yake. Jina lake lingebaki safi. Wajukuu wangekuwa na moto. Kayange alimwambia mkwewe baadaye kuwa alikubali. Ndiyo, alikubali, moyoni mwake alikubali kwa muda wa mtu kumeza mate mara mbili, na aibu ya muda huo haikumtoka hadi anakufa. Kisha akatazama mikono ya msichana yule, iliyojaa makovu ya moto wa Kasanzu, akaona mikono hiyo ikirudishwa kwao na alama za fimbo kwa ajili ya uongo. Akauchomoa mkono wake, akasimama, akajikung'uta majivu.

"Nenda kamwite Holo," alisema. "Na ukae mbali na mimi. Usinishike tena, nitalia, na leo sina nafasi ya kulia."

Jua lilikuwa limepanda watu walipokusanyika. Walikaa chini duara, kama ilivyokuwa desturi siku ya kushona, sindano za mifupa na kamba za katani mapajani. Vikanda sitini vilikuwa katikati. Mzee Mpozi alikaa kwenye kigoda chake na kile kibuyu kando yake, maana kibuyu kililetwa kila mwaka na kila mwaka kilirudi kimejaa. Mwonjaji alitakiwa aseme maneno mawili tu, "Ni tamu," kisha sindano zianze. Kayange alisimama. Hakuyasema. Aliingiza mkono kwenye kikanda cha kwanza, akachukua chembe, akavuka duara lote hadi alipokaa Holo, mgeni, mtu ambaye miiko ya Kasanzu haikumfunga.

"Toa ulimi, dada."

Holo akatoa. Kayange akamwekea. Yule mwanamke alikunja uso, macho yakamtoka, akatema. "Ptu! Kayange! Chumvi hii itaharisha tembo!"

Mzee Mpozi alikuwa amejinyanyua nusu kwenye kigoda. Kayange aligeuka akawakabili wote, na sauti ile ya kuamsha mtaa haikuwepo. Ilitoka nyembamba, ikabidi watu wainamishe vichwa mbele ili wasikie.

"Ulimi wangu umekufa," alisema. "Umekufa kiangazi cha pili sasa. Mwaka jana niliwaonjea kwa masikio na vidole, mkala vizuri, nami nikaona nimeshinda. Mwaka huu maji yamenidanganya. Hakuna aliyesinzia, hakuna aliyezidisha moto. Ni mimi. Niliogopa kibuyu, nikawaficha, na karibu niwauze kwa uoga wangu."

Mzee mmoja akaanza kuguna. Mpozi akachukua kibuyu. Mwanamke huyo alikuwa shemeji yake na alimpenda, lakini sheria ilikuwa sheria hata kwake. Kayange alimwona. Aliinua kiganja.

"Shemeji, mwaga. Sikukatazi. Lakini maji hayo ukiyamwaga sasa, mtakuwa mmezima moto wa mtu pekee anayejua jinsi ya kuwaokoa. Nipeni siku hizi tatu, halafu mzime mnachotaka."

Akawaeleza, na kadiri alivyoeleza sauti yake ilirudi. Chumvi chungu haitupwi, wala hairudishwi motoni, maana ukiichemsha tena unaoka uchungu ndani yake. Chumvi huoshwa kwa maji ya chumvi. Utateka maji ya chemchemi kutoka kwenye jicho la ndani kabisa, lile la chini ya mwamba ambako tope halikufika. Utayachemsha mpaka yashibe, yawe yanakaribia kudondosha chembe, kisha uyaache yapoe. Utaimwaga chumvi kwenye matenga, uyapitishe maji hayo juu yake polepole. Maji yaliyoshiba chumvi hayawezi kuila chumvi nyingine, lakini uchungu yataubeba, yatatoka nao chini. Mara moja haitoshi. Mara tatu. "Na mimi sitaonja," alimaliza. "Sina cha kuonjea. Mtaonja nyie. Kila mtu mwenye ulimi."

Waliposikia hilo, watu walitazamana. Kuonja nyuma ya mwonjaji! Wengi walikuwa hawajawahi hata kuwaza. Wa kwanza kuinuka alikuwa Butoyi. Alienda katikati, akabeba kikanda mgongoni akielekea kwenye matenga. Kisha akainuka Holo na unene wake, akilalamika kwamba amekuja kuuza nyungu na sasa anafanywa kibarua. Kisha mwingine, na mwingine. Wanaume walishuka kwenye mwamba na mitungi, watoto wakakimbilia kuni. Mpozi alibaki na kibuyu mkononi akitazama duara likiisha, hadi akabaki amekaa yeye peke yake. Naye akasimama. Alimwendea Kayange, akamnyooshea kile kibuyu.

"Kunywa, shemeji," alisema. "Umesema sana, na kazi ndiyo kwanza inaanza."

Kayange alikinywa chote. Sheria ile ilikufa hapo, kwa sababu maji yake yalikuwa yamenywewa.

Siku tatu Kasanzu haikukaa. Kayange alipita matenga yote akisikiliza, akisugua matone, akigombeza huku na kule, na nyuma yake watu walionja: wazee, vijana, watoto wenye makamasi, na Holo akiitwa mwisho kila mara kwa sababu ulimi wake ulikuwa wa mgeni, haukuwa na sababu ya kumpendeza mtu. Alipokunja uso waliosha tena. Siku ya nne watu wa milimani walishuka wakiongozwa na mwana wa Kayange, migongo imepinda kwa mbegu. Kabla hawajatua, Kayange aliwafuata mmoja mmoja, akawawekea chembe ulimini. Walishangaa, maana hawakuwahi kuonjeshwa chumvi ya Kasanzu. Walikuwa wanaiamini tu. Kiongozi wao alifumba macho, akatafuna taratibu. Kisha akatua mzigo. Na wote nyuma yake wakatua.

Mvua zilipokuja, kulikuwa na mtama ardhini.

Sasa, watu wana midomo. Mwaka uliofuata wanawake wa mekoni walipotaka kumwonjesha mgeni walisema, "Mpe kile cha Kayange," na baadaye wakafupisha, "Mpe kayange." Mama wakwe nao, waliokuwa wamesikia alichotaka kufanya Butoyi na alichokataa Kayange, walianza kumwita mkwe mwema kayange wangu, yaani yule ajuaye ubovu wangu na hanitangazi, lakini hanidanganyi. Kayange mwenyewe, aliyekuwa amezeeka na hachemshi tena, alisikia jina lake likitajwa kila kona na hakuna anayemwita. Lilimuumiza. Aliamini wanamcheka. Akaacha kutoka uani.

Kisha siku moja fundi wa majembe wa siku hizo, mtu mwenye kiburi kuliko wafua chuma wote wa bonde, alisimama kwenye mkutano wa kupanga mashamba. Macho yalikuwa yamemfifia. Majembe yake ya mwaka ule yalikuwa yamepasuka mawili, na watu walikuwa wanasemea pembeni. Alisimama, akasema, "Jamani, napiga kayange. Sioni tena rangi ya chuma motoni." Na mkutano wote, bila mtu kuamuru, ukainuka.

Butoyi alikimbia nyumbani kumweleza mama mkwe wake. Kayange alikuwa amekaa na bakuli la uji. Alimsikiliza hadi mwisho, kisha akauliza, "Walipoinuka, walikuwa wanamtoa nje?"

"Hapana, mama. Wawili walimshika mikono wakaenda naye kwenye tanuri lake kumsomea rangi ya chuma. Anafua hivi sasa, wao wanamwambia lini apige."

"Na jina walilotaja lilikuwa langu?"

"Lako, mama. Alilitaja ili apate nguvu ya kusema."

Kayange aliweka bakuli chini. Alilia siku hiyo, kilio alichokuwa amekiahirisha tangu asubuhi ya mbuzi, na machozi yakamwingia mdomoni asijue kama yana chumvi au hayana. Butoyi alimfuta kwa upindo wa nguo yake.

Andika basi, mwalimu, na uandike maana zote tatu, usichague. Na tangu siku hiyo, hapa Kasanzu mkunga akihisi mikono imeanza kutetemeka, au mganga akisahau mizizi, au mzee wa baraza akiona akili inamtoroka, husimama mchana kweupe akasema, "Napiga kayange." Akishasema, hakuna anayebaki amekaa. Mjamzito huinuka. Mgonjwa hushikwa makwapa akainuliwa. Wageni hudhani tunampa heshima, na heshima ipo, lakini sivyo ilivyoanza. Tunainuka kwa sababu mtu akisema hivyo, ipo kazi aliyokuwa akiifanya peke yake, na sasa ni yetu.